Orkestra chini ya miti: kiangazi cha Lubumbashi au majira ya joto ya Cape Town, na ukae wapi ukifika

Mtu wa Lubumbashi anayependa kusikiliza orkestra nje, juu ya majani na chini ya miti, ana misimu miwili ya kuchagua katika mwaka. Wa kwanza ni wa nyumbani: kiangazi, kuanzia mwezi wa tano hadi wa tisa, mvua zinapokuwa zimekatika. Wa pili uko kusini, Cape Town, katika bustani ya mimea ya Kirstenbosch, ambako matamasha ya machweo huendelea kuanzia mwisho wa mwezi wa kumi na moja hadi mwanzo wa mwezi wa nne, kwa kawaida siku za Jumapili. Misimu hii haigongani. Sisi tukiwa na mvua za kila alasiri, Cape Town ni kukavu. Wao wakiwa na mvua zao za baridi, mwezi wa sita na wa saba, anga letu halina hata wingu. Mwenye nafasi anaweza kufuata yote miwili. Wengi tutachagua mmoja, na baada ya hapo tutachagua mahali pa kukaa, jambo ambalo kwa maoni yetu lina uzito kuliko mji wenyewe.

Ukumbi una kuta na dari zinazokurudishia sauti. Bustani haina. Nota ikikupita, imekwenda zake. Yote yanayofuata hapa, yaani saa, upepo, vipaza sauti, mkeka na kiti, tumeyapima kwa kigezo hicho: je, yanakusaidia kusikia au yanakupunguzia?

Hewa, mwanga na saa

Lubumbashi na Cape Town hutumia saa ileile, lakini mwanga wao ni tofauti kabisa. Mwezi wa sita jua letu huzama karibu na saa kumi na mbili jioni, na giza huja upesi. Cape Town, mwezi wa kumi na mbili na wa kwanza, jua huzama karibu na saa mbili usiku. Kwa hiyo tiketi mbili zilizoandikwa 17:00 hazina maana moja: kule utasikiliza karibu tamasha zima mchana, na hapa kipande cha tatu kitakukuta gizani. Kirstenbosch, hata hivyo, iko kwenye mteremko wa mashariki wa Mlima wa Meza, hivyo jua hujificha nyuma ya mlima mapema kuliko saa za machweo zinazotangazwa. Aliyevaa nguo za ufukweni huanza kutetemeka anga likiwa bado na mwanga.

Baridi yetu wenyewe tusiidharau. Jiji liko juu, zaidi ya mita 1,200 kutoka usawa wa bahari, na usiku wa mwezi wa sita na wa saba joto hushuka chini ya nyuzi 10. Mchana wa siku hiyohiyo huenda ulifika nyuzi 25. Mporomoko huo humwumiza msikilizaji, na huwaumiza zaidi wapigaji. Vyombo vya kupuliza hushuka sauti hewa inapopoa: kwa kila nyuzi 10, karibu thuluthi moja ya nusu-toni kama chombo hakijapashwa joto kwa pumzi. Nyuzi za chuma za violini, kwa upande wao, hujikaza kwenye baridi na kupanda. Upande mmoja wa orkestra unashuka, mwingine unapanda. Ndiyo maana orkestra iliyokubaliana vizuri na nota ya "la" inayotolewa na obo saa kumi na moja inaweza kusikika imechacha saa moja baadaye, bila mpigaji yeyote kukosea. Kiongozi anayesimamisha tamasha katikati ya vipande ili wapigaji wakaze upya, huyo anajua kazi yake, usimnung'unikie.

Klarineti na obo zina hatari nyingine. Nyingi hutengenezwa kwa mpingo, mti wa Afrika Mashariki na Kusini, na mpingo huweza kupasuka pumzi ya joto inapoingia ghafla katika mti uliopoa. Jua kali nalo hulegeza gundi ya violini. Tamasha zuri la nje, kwa hiyo, lina paa juu ya wapigaji, iwe ni mchana au usiku. Ukiona tangazo lenye picha ya viti vya wapigaji vimepangwa juani bila hata turubai, tarajia ama vyombo vya bei ndogo ama tamasha litakalokatizwa.

Kama unachagua tarehe ya nyumbani, tunapendelea mwezi wa tano na nusu ya kwanza ya mwezi wa nane kuliko katikati ya baridi. Mwezi wa tano majani bado ni ya kijani, vumbi ni kidogo na usiku haujawa mkali. Mwezi wa tisa, jakaranda zikianza kuchanua, jiji hupendeza, lakini moshi wa mioto ya porini huwa umejaa hewani, na jioni moshi huo hulala chini. Mwenye pumu achague mwezi wa tano bila kusitasita.

Orkestra ipi?

Kongo ina orkestra kubwa ya simfonia inayojulikana duniani: Orchestre Symphonique Kimbanguiste ya Kinshasa, iliyoanzishwa mwaka 1994 na Armand Diangienda. Katika Lubumbashi mtu hukutana mara nyingi zaidi na kundi dogo la nyuzi, kwaya yenye vyombo, au fanfare, yaani kundi la vyombo vya shaba na ngoma. Fanfare na makundi ya filimbi ya Kanisa la Kimbangu yanajulikana nchini kote, na katika bustani fanfare ina faida ambayo violini haina. Tarumbeta na tromboni hutupa sauti mbele, moja kwa moja kutoka mdomo wa chombo. Violini hutupa sauti nyingi juu, kuelekea dari ambayo bustani haina. Jambo hili lilijulikana tangu zamani: mwaka 1749, muziki ambao mtunzi Handel aliuandika kwa ajili ya fataki za mfalme katika Green Park, London, ulikusudiwa kwanza upigwe na vyombo vya kupuliza na ngoma.

Chombo kinachopata hasara kuliko vyote nje ni honi, ile pembe ya shaba iliyozungushwa. Mdomo wake hutazama nyuma, na ukumbini ukuta wa nyuma ndio unaoirudisha sauti yake mbele. Weka honi nne mbele ya uwanja mtupu, nazo zitasikika kama ziko mtaa wa pili. Kwa hiyo unapolinganisha matangazo mawili, tazama nyuma ya jukwaa. Jukwaa lililoegemea ukuta wa matofali, kama ua wa shule au wa parokia, litakupa orkestra iliyo kamili kuliko jukwaa lililo katikati ya majani yaliyo wazi pande zote, hata kama la pili linapendeza zaidi kwenye picha. Miti haichukui nafasi ya ukuta. Majani hutawanya sauti, na upepo ukivuma hutoa kelele yao wenyewe.

Kirstenbosch kuna jambo ambalo wasafiri wengi hulikuta wakiwa wameshalipa: sehemu kubwa ya ratiba ya msimu ni wanamuziki wa pop, jazi na roki. Orkestra ya simfonia ya Cape Town hushiriki, lakini si kila Jumapili. Ratiba hutolewa kabla ya msimu. Tafuta kwanza tarehe ya orkestra, kisha panga safari kuizunguka, usifanye kinyume chake.

Kwa matangazo ya Lubumbashi, mahali pa kuangalia ni Halle de l'Étoile ya Institut français, parokia kubwa zenye kwaya, na shule za muziki. Bustani ya wanyama na mimea ya jiji ina miti mizuri ya kivuli, ila fikiria wanyama: ni jirani wasioomba kimya kutoka kwako wala kukupa.

Na vipaza sauti, au bila?

Hapa watu hubishana sana. Msimamo wetu ni huu: wasikilizaji wakiwa chini ya 200 na kukiwa na ukuta nyuma ya jukwaa, sikiliza bila vipaza sauti. Zaidi ya hapo, vinahitajika, na swali linakuwa vimepangwaje.

Bila vipaza sauti, unasikia kila chombo kikitoka mahali pake: violini za kwanza kushoto kwako, chelo kulia, tarumbeta nyuma. Lakini umbali unahukumu bila huruma. Mahali pa wazi, kila umbali unapozidishwa mara mbili, sauti hupungua desibeli 6 (desibeli ni kipimo cha nguvu ya sauti). Toka mita 10 hadi 20, umepoteza 6. Hadi 40, umepoteza 12. Hadi 80, umepoteza 18. Sikio huhisi upungufu wa desibeli 10 kama nusu ya nguvu, kwa hiyo aliye mita 80 anapata chini ya thuluthi ya anachopata aliye mita 10. Sehemu za kelele bado zitamfikia. Sehemu za kunong'ona, ambazo ndizo roho ya muziki wa nyuzi, zitamezwa na majani, pikipiki na jenereta ya jirani.

Na vipaza sauti, aliye nyuma anapata sehemu yake. Anachopoteza ni mahali: orkestra nzima inatoka katika masanduku mawili. Makosa ya kawaida ni matatu. La kwanza, maikrofoni chache zilizowekwa karibu na violini tu, hivyo violini moja inasikika kubwa kuliko tromboni tatu. La pili, upepo kuingia katika maikrofoni isiyovikwa sifongo, na kutoa mngurumo unaofanana na lori. La tatu, besi kuongezwa kama kwenye dansi. Timpani, ngoma kubwa za orkestra, zinakuwa tumbo la tamasha zima na chelo hazisikiki kabisa. Fundi aliyezoea rumba ni fundi mzuri, ila orkestra inataka mkono mwepesi: kazi ya vipaza sauti hapa ni kusaidia, na ukisahau kwamba vipo, basi vimewekwa vizuri.

Kuna pia vipaza sauti vya katikati ya uwanja, vinavyowekwa kwa ajili ya walio mbali. Sauti husafiri karibu mita 340 kwa sekunde, hivyo kutoka jukwaani hadi mita 85 huchukua robo sekunde, wakati umeme wa waya hufika papo hapo. Fundi asipochelewesha vipaza hivyo vya kati, utasikia kila nota mara mbili: kwanza kutoka kipaza kilicho karibu nawe, kisha kutoka jukwaani. Tofauti ya umbali ikizidi mita 17 hivi, sikio huanza kuzitenganisha. Ukisikia hivyo wakati wa majaribio, usingoje waitengeneze. Hama mapema, nafasi zingali zipo.

Mbele, katikati au nyuma

Wengi hukimbilia mbele. Kwa orkestra isiyo na vipaza sauti, mbele ni kuzuri, lakini si mstari wa kwanza kabisa. Ukiwa mita 3 kutoka jukwaani unasikia violini za upande wako na viatu vya kiongozi. Vyombo vya kupuliza viko nyuma ya ukuta wa migongo. Mita 8 hadi 15, katikati au kidogo kushoto, ndipo orkestra inapoungana. Tunasema kushoto kwa sababu violini za kwanza hukaa upande huo, uso wa chombo ukiwaelekea wasikilizaji.

Kwa orkestra yenye vipaza sauti, tafuta meza ya fundi sauti. Fundi hupanga sauti kwa masikio yake mwenyewe, na masikio yake yako pale. Kaa mbele yake au pembeni yake kidogo, bila kuzuia macho yake. Epuka kukaa mita chache mbele ya sanduku la pembeni: utasikia upande mmoja tu, na ukitoka utakuwa na mlio masikioni.

Nyuma, chini ya mti mkubwa, kuna starehe yake. Kuna kivuli, watoto wanaweza kuzunguka, na mtu anaweza kuzungumza kwa sauti ya chini bila kuwaudhi wengine. Kimuziki, utapata besi na ngoma zaidi kuliko violini, kwa sababu hewa humeza sauti nyembamba kabla ya nene. Hewa kavu humeza zaidi. Alasiri ya mwezi wa nane au wa tisa hapa kwetu, hewa ikiwa imekauka hadi midomo inapasuka, violini zilizo mbali husikika kama zimefunikwa blanketi. Cape Town, yenye unyevu wa bahari, aliye nyuma hapati hasara kubwa namna hiyo. Hili peke yake linatosha kusema: ukiwa Kirstenbosch, nyuma panavumilika, ukiwa Lubumbashi mwezi wa tisa, sogea mbele.

Kuna jambo linalobadilisha hesabu hii usiku. Mchana udongo ulio na jua huipasha moto hewa iliyo karibu nao, na sauti inayosafiri juu yake hupinda kuelekea angani; aliye mbali anapitwa juu ya kichwa. Jua likishazama na anga likiwa safi, udongo hupoa haraka, hewa ya chini inakuwa baridi kuliko ya juu, na sauti hupinda kurudi chini. Ghafla walio nyuma wanasikia vizuri kuliko saa moja iliyopita, ingawa hakuna aliyegusa kitu. Kiangazi chetu, chenye usiku usio na mawingu, hufanya hivi kwa nguvu. Ubaya wake ni kwamba kelele za jiji nazo hurudi chini: wimbo wa baa iliyo mbali, gari moshi, ibada ya usiku. Ukipenda kutumia hali hii, sikiliza sehemu ya kwanza karibu, na baada ya mapumziko rudi nyuma ukapanuke.

Upepo nao hupinda sauti. Anayekaa upande ambao upepo unaelekea husikia zaidi. Anayekaa upande unakotoka hupungukiwa. Wakati wa kiangazi upepo wetu kwa kawaida hutoka kusini-mashariki. Jukwaa likiwa limewekwa katikati ya bustani na watu wakiruhusiwa kukaa pande mbili, chagua upande wa kaskazini-magharibi. Cape Town majira ya joto upepo mkali pia hutoka kusini-mashariki, na siku unapovuma kwa nguvu ndiyo siku ya kukaa karibu, chini ya mteremko.

Mkeka au kiti

Juu ya uwanja ulio sawa, kiti kinashinda kwa masikio. Aliyekaa kwenye mkeka ana masikio kwenye urefu wa sentimita 75 hivi. Aliye kwenye kiti cha plastiki yuko karibu na mita 1 na sentimita 15. Tofauti hiyo ya sentimita 40 inaonekana ndogo, lakini sauti inayopita ikigusa majani na vichwa vya watu hunyonywa njiani. Kila mstari wa vichwa mbele yako unachukua kodi yake, na mwenye kiti anapita juu ya baadhi yake.

Juu ya mteremko, kama Kirstenbosch, mkeka au blanketi linatosha kabisa. Ardhi yenyewe imekupandisha juu ya aliye mbele yako. Pale ukija na kiti kirefu utamzibia aliye nyuma na huenda ukaombwa ukiondoe. Soma masharti yaliyoandikwa kwenye tiketi kuhusu viti na miavuli kabla ya kubeba chochote.

Hapa nyumbani mpango mzuri kwa familia ni kuchanganya: viti vya wazee nyuma, mkeka wa vijana na watoto mbele yao. Mama mkubwa anakaa vizuri, watoto hawamzibii, na wote mko pamoja. Usimweke mzee chini kwa saa mbili mwezi wa saba. Ardhi hunyonya joto la mwili kuliko hewa, na umande huanza kuanguka mapema. Kwa wanaokaa chini, panga tabaka tatu: chini kabisa shiti ya nailoni au kipande cha turubai, juu yake mkeka, juu ya mkeka blanketi lililokunjwa mara mbili. Anayeanza na blanketi moja kwa moja juu ya majani ataondoka na nguo zilizolowa.

Kagua ardhi kabla ya kutandika. Mwezi wa nne na mwanzoni mwa wa tano, udongo ukiwa bado laini, miguu ya viti vya plastiki huzama na kiti huvunjika mguu; weka kipande cha ubao au kigae chini ya kila mguu wa nyuma. Tazama njia za siafu. Na mwishoni mwa kiangazi, kaa mbali na nyasi ndefu za pembezoni ambazo hazijafyekwa: upupu ukikauka, upepo kidogo tu unatosha kukuletea vinyweleo vyake, na hakuna simfonia itakayosikika tena. Ukipatwa, usijikune, osha kwa maji mengi na ubadilishe nguo.

Nguo, mbu na chakula

Lubumbashi: sweta, koti, soksi, kofia ya kuvuta hadi masikioni, na kitenge cha ziada cha kujifunga magotini. Vaa koti kabla hujahisi baridi. Mwili uliokwisha poa huchukua muda mrefu kupata joto tena. Usifunike masikio wakati wa kipande chenyewe, kwa sababu sufu huondoa sauti nyembamba za violini. Shusha kofia wakati wa makofi. Cape Town: kofia ya jua na mafuta ya kuzuia jua saa za kwanza, kizibao cha kuzuia upepo baadaye.

Mbu wa malaria huuma usiku, na ingawa hupungua wakati wa kiangazi, hawatoweki kabisa, hasa bustani ikiwa na bwawa. Suruali ndefu, na dawa ya kupaka yenye DEET asilimia 20 hadi 30 kwenye vifundo vya miguu na shingoni. Ukipaka pia mafuta ya jua, mafuta ya jua yatangulie, dawa ya mbu ifuate. Cape Town hakuna malaria, na hilo ni pumziko la kweli kwa mwenye watoto wadogo.

Chakula kichaguliwe kwa kelele yake kwanza. Mifuko ya krispi inakwaruza kuliko kikohozi. Chikanda (chakula cha mizizi ya okidi na karanga) iliyokatwa vipande nyumbani, mayai ya kuchemsha yaliyokwisha menywa, ndizi na karanga zisizo na maganda ni vya kimya na havihitaji sahani. Munkoyo, kinywaji chetu cha mahindi, ni mzuri, ila unaendelea kuchacha ndani ya chupa. Ulegeze kifuniko hewa itoke kabla orkestra haijaanza. Chai ya tangawizi, nusu lita kwa kila mtu, katika chupa inayotunza joto, ina thamani kuliko pombe usiku wa baridi, kwa sababu pombe hukufanya uhisi joto huku mwili ukilipoteza.

Kwa watoto, hesabu dakika 30 hadi 40 za utulivu, kisha waruhusu waondoke. Kaa nao ukingoni, karibu na njia. Usiwapeleke mbele ya vipaza sauti wala karibu na timpani, hata wakiomba. Mapumzikoni, kama wapigaji wanakubali, wapeleke waone vyombo kwa karibu. Mtoto aliyekwisha ona besi kubwa kuliko baba yake huisikiliza sehemu ya pili kwa makini tofauti.

Gharama na karatasi

Kwa tamasha la nyumbani gharama ni tiketi, teksi ya kurudi usiku na chakula. Panga teksi ya kurudi kabla ya kwenda. Watu wote hutoka kwa pamoja, na bei hupanda langoni. Ukingoja robo saa ukikunja mikeka taratibu, njia inakuwa nyeupe.

Kwa Kirstenbosch, tiketi ya tamasha ndiyo sehemu ndogo kabisa. Mwenye pasipoti ya kawaida ya Kongo anahitaji visa ya Afrika Kusini, na cheti cha chanjo ya homa ya manjano kwa kuwa anatoka nchi yenye ugonjwa huo. Chanjo iwe imechomwa angalau siku 10 kabla ya kuingia. Ndege kwa kawaida hupitia Johannesburg. Usinunue tiketi ya tamasha ya tarehe iliyo karibu sana ukiwa bado unasubiri visa, kwa kuwa tamasha lenye orkestra huweza kujaa na tiketi huenda isirudishiwe fedha. Fuata mpango huu: tazama ratiba ikitoka, chagua tarehe ya orkestra iliyo mwezi wa pili au wa tatu, omba visa mara moja, nunua tiketi visa ikipatikana, na ufike Cape Town Ijumaa, si asubuhi ya tamasha. Ndege ya kuunganisha ikichelewa Jumapili, orkestra haitakungoja.

Mwenye bajeti ya safari moja tu katika miaka kadhaa, na ambaye hajawahi kusikia orkestra kamili ya watu 60 au 80, aende Kirstenbosch: mteremko ule, hewa ile yenye unyevu na mwanga mrefu wa jioni humsaidia msikilizaji mgeni kwa kila njia. Anayependa nyuzi chache, kwaya au fanfare, na anayetaka kuzisikia mara tatu nne kwa mwaka na familia nzima, abaki nyumbani, atafute ua wenye ukuta wa matofali nyuma ya jukwaa, tarehe ya mwezi wa tano, na kiti kilicho mita 10 kutoka kwa kiongozi.